Lena Horne na nyimbo zilizoshonwa kwa uzi mwepesi

Tafuta filamu ya muziki ambayo Lena Horne, mwimbaji na mwigizaji Mweusi wa Marekani, alionekana chini ya MGM, kampuni kubwa ya filamu ya Hollywood, katika miaka ya 1940, halafu jaribu kutomtazama yeye. Ni vigumu, najua. Lakini jitahidi, watazame wengine. Wahusika wakuu wameingia klabuni, wamekaa mezani, taa zinafifia, pazia linafunguka, na huyo hapo mwanamke mwenye gauni la kumetameta, mara nyingine ameegemea nguzo. Anaimba wimbo mmoja, pengine miwili. Makofi. Pazia linafungwa, hadithi inaendelea pale pale ilipoachwa. Hakuna aliyemwita kwa jina, aliyegombana naye wala aliyempenda. Angetoweka usiku ule, hakuna mhusika ambaye angemuulizia.

Na kweli alikuwa anatoweka. Filamu ile ile iliyoonyeshwa New York akiwemo, ilionyeshwa Memphis, mji wa Kusini mwa Marekani, akiwa hayumo. Mtazamaji wa Memphis alilipa kiingilio chake, akacheka, akarudi nyumbani bila kujua kwamba alikuwa amepunjwa dakika tano.

Watu wengi humaliza jambo hili kwa neno moja: ubaguzi. Neno ni sahihi, lakini linafunga mjadala mapema mno. MGM ilimtaka Lena. Ilimpa mkataba wa miaka 7, ikampiga picha kama malkia, ikamtangaza. Kampuni haitumii fedha hivyo kwa mtu inayemchukia. Swali gumu ni jinsi kampuni moja ilivyoweza kumtengeneza nyota na, kwa mkono ule ule, kumpanga ndani ya filamu namna ambayo mtu yeyote mwenye mkasi angeweza kumtoa.

Alizaliwa Brooklyn, New York, tarehe 30 Juni 1917, katika ukoo wa Weusi waliosoma na waliojua kujiheshimu. Bibi yake mzaa baba, Cora Calhoun Horne, alikuwa mwanaharakati wa haki za wanawake na za Weusi. Alimsajili mjukuu huyo katika NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi, hata kabla hajajua kusema vizuri, na mwaka 1919 picha ya mtoto wa miaka miwili ikatoka kwenye jarida la chama. Baba, Teddy Horne, alikuwa mtu wa kamari, na aliiacha familia binti akiwa na miaka kama mitatu. Mama, Edna, alikuwa mwigizaji wa vikundi vya maonyesho vilivyozunguka nchi. Kwa hiyo utoto wa Lena ulikuwa wa mzigo usiofunguliwa: mara Brooklyn kwa bibi, mara Georgia na kwingineko Kusini, leo kwa huyu kesho kwa yule.

Mwaka 1933, akiwa na miaka 16, aliingia katika safu ya wachezaji wa Cotton Club, Harlem. Klabu ile ilikuwa katikati ya mtaa wa Weusi, jukwaa lake lilijaa Weusi, lakini meza zake zilikuwa za Wazungu. Ndugu wa mchezaji hakuweza kuingia kumtazama. Nalitaja hili kwa sababu kila kitu kilichomkuta baadaye Hollywood kilikuwa ni Cotton Club iliyoongezewa kamera.

Baada ya hapo aliimba na bendi ya Noble Sissle, akaolewa na Louis Jones mwaka 1937, akapata watoto wawili, Gail na Teddy, akaonekana katika filamu ya bei ya chini mwaka 1938, akaimba na bendi ya Wazungu ya Charlie Barnet, na ndoa ikavunjika. Kituo muhimu zaidi kilikuwa Café Society, klabu ya Greenwich Village iliyokaribisha watu wa rangi zote kuketi pamoja. Pale alimkuta Paul Robeson, mwimbaji na mwanaharakati wa mrengo wa kushoto ambaye aliwahi kumfahamu bibi yake. Urafiki huo utamrudia baadaye na bili mkononi.

Alipofika Hollywood na MGM ikaonyesha nia, mwanzoni mwa 1942, mambo mawili yalitokea kwa pamoja. Walter White, katibu mtendaji wa NAACP, alikuwa katika kampeni ya kuwashinikiza wakuu wa studio waache kuwaonyesha Weusi kama mayaya, wapagazi na wachekeshaji wa macho makubwa tu. Alimwona Lena kama mtihani wa kampeni hiyo. Wakati huo huo, baba yake, yule mtu wa kamari, alikuja akiwa amevaa vizuri, akaketi mbele ya Louis B. Mayer, mkuu wa MGM, na kumweleza kwamba ana uwezo wa kumwajiria binti yake hausigeli, kwa hiyo haoni sababu ya binti huyo kwenda kucheza hausigeli kwenye sinema. Lena aliisimulia habari hiyo maisha yake yote, na kila akiisimulia unamsikia akijivunia mzee wake.

Husemwa mara nyingi kwamba alikuwa mwanamke Mweusi wa kwanza kupewa mkataba mrefu na studio kubwa. Si kweli. Nina Mae McKinney alitia saini mkataba wa miaka 5 na MGM hiyo hiyo mwaka 1929, na studio haikujua imfanyie nini. Jipya la Lena lilikuwa sharti: hakuna uhausigeli, hakuna kuvaa majani ya msituni.

Sharti hilo halikuwafurahisha wote, na wenye hasira hawakuwa Wazungu peke yao. Waigizaji Weusi wa Hollywood waliokuwa wakiishi kwa nafasi hizo za mayaya na wapagazi waliona msichana kutoka New York amekuja kumwaga unga wao. Aliyemfungulia mlango ni Hattie McDaniel, ambaye mwaka 1940 alikuwa Mweusi wa kwanza kushinda tuzo ya Oscar, na aliishinda kwa kucheza yaya. Alimwita Lena nyumbani kwake na kumpa moyo. Hapo sina neno la kuongeza. Kila mmoja alikuwa ameshika upande wake wa mkate.

Sasa tuje kwenye mkasi.

Mwaka 1915 Mahakama Kuu ya Marekani iliamua kwamba sinema ni biashara kama biashara nyingine, hivyo hailindwi na kifungu cha katiba kinacholinda uhuru wa kusema. Uamuzi huo ulidumu hadi 1952. Maana yake ni kwamba kwa miaka 37 mji au jimbo lolote liliweza kuunda bodi yake ya ukaguzi wa filamu, na uhuru wa kusema haukuwa kinga. Memphis, Tennessee, ilikuwa na bodi iliyoongozwa na Lloyd Binford, mtu wa bima, kuanzia 1928 hadi katikati ya miaka ya 1950. Binford hakuwa na haya kuhusu kazi yake. Mwaka 1945 alipiga marufuku filamu nzima ya vichekesho kwa sababu mtumishi Mweusi aliyechezwa na Eddie Anderson alizungumza na mabosi wake Wazungu kwa mazoea kupita kiasi. Mwaka 1947 alizuia nyingine kwa kosa la kuonyesha watoto Weusi na Weupe darasa moja.

Hebu fikiria wewe ni mtayarishaji wa filamu pale Culver City, California, zilipokuwa studio za MGM. Una fedha nyingi ndani ya kazi moja. Filamu ikikataliwa nzima huko Kusini, hasara ni yako. Ukimpa Mweusi nafasi ndani ya hadithi, akawa rafiki wa shujaa au mshindani wake, huwezi kumtoa bila kuipasua hadithi. Lakini ukimweka kwenye wimbo wake, ndani ya klabu yake, bila maneno na mtu yeyote, basi bodi ya Memphis itakata dakika tano, mwonyeshaji ataunganisha mkanda kwa gundi, na fedha zitaingia. Watu wa New York, Chicago na mitaa ya Weusi watakuja kumwona Lena. Wenzao wa Kusini watakuja kuona kila kitu isipokuwa Lena. Kwa mtunza hesabu, hapo amepata kotekote.

Ndiyo maana nasema nyimbo zake zilishonwa kwa uzi mwepesi. Kiraka kilikuwa cha hariri, na kilipendezesha vazi, lakini fundi alikishona akijua kitafumuliwa. Hakuna aliyehitaji kumchukia Lena ili jambo hilo litendeke. Mwongozaji alimsifu, mpiga picha alimtafutia mwanga mzuri, mkuu wa studio alimwita nyota wake, na kila mmoja alifanya kazi yake vizuri kabisa. Hilo ndilo linalonikera kuliko Binford. Binford angalau ulijua anasimama wapi.

Lena mwenyewe alisema hawakumfanya hausigeli, lakini hawakumfanya kitu kingine chochote pia. Alijiona kama kipepeo aliyebanwa kwa pini kwenye nguzo.

Mara mbili tu katika miaka hiyo alipewa hadithi ya kuigiza, zote mwaka 1943. Katika Cabin in the Sky, filamu ndefu ya kwanza ya mwongozaji Vincente Minnelli, alicheza mshawishi anayemvuta mume wa mwanamke mcha Mungu. Katika Stormy Weather, ambayo MGM ilimwazima kwa 20th Century Fox, alicheza pamoja na Bill Robinson, Cab Calloway, Fats Waller na wale ndugu wawili wa ajabu, Nicholas Brothers. Kwa nini filamu hizo ziliwezekana? Kwanza, nchi ilikuwa vitani na ilihitaji askari Weusi na vibarua Weusi wajione ni wananchi. Pili, waigizaji wote walikuwa Weusi. Hakuna Mzungu aliyekaa nao sawa, kwa hiyo hakukuwa na usawa wa kukata. Filamu iliyowapa Weusi nafasi zote ilikuwa salama zaidi kuliko ile iliyowapa nafasi moja.

Hata hivyo mkasi ulipita humo pia. Wimbo aliouimba akiwa ndani ya beseni la kuogea, amefunikwa na povu hadi mabegani, uliondolewa Cabin in the Sky kabla haijatoka. Wanawake Wazungu walikuwa wameoga povu kwenye sinema miaka mingi bila taifa kutikisika.

Kisa kinachofunua mambo yote kwa pamoja ni cha Show Boat. Hiki ni kisa cha riwaya ya mwaka 1926 iliyogeuzwa mchezo wa Broadway, mtaa wa majumba ya maonyesho huko New York, mwaka 1927, chenye mhusika aitwaye Julie: mwimbaji chotara anayepita kama Mzungu, ameolewa na Mzungu, na siri yake inafichuka. Mwaka 1946 MGM ilitoa filamu kuhusu maisha ya mtunzi wa muziki wa mchezo huo, Jerome Kern, na mwanzoni mwake ikaweka muhtasari wa Show Boat. Lena alivaa gauni la Julie na kuimba wimbo wake mashuhuri. Nafasi ilimkaa kama kanzu iliyopimwa.

Kisha MGM ikaamua kutengeneza Show Boat yote kwa rangi, nayo ikatoka mwaka 1951. Julie akawa Ava Gardner, mwigizaji Mzungu.

Hapa kuna mafundo matatu. La kwanza ni kanuni za maadili ambazo studio zenyewe zilijiwekea mwaka 1930 na kuanza kuzisimamia kwa ukali mwaka 1934, chini ya Joseph Breen. Zilikataza kuonyesha mapenzi kati ya Mzungu na Mweusi. Zilikataza mwilini, si kwenye karatasi: chotara wa hadithi akichezwa na Mzungu, anayembusu ni Mzungu mwenzake, na kanuni haijaguswa. Katazo hilo liliondolewa mwaka 1956. La pili ni zile hesabu za Kusini ambazo tumeshazipiga. Julie hawezi kukatwa, hadithi imefungwa kwake. La tatu ni rangi ya kupaka usoni. Lena alipoanza kazi, weupe wake wa maji ya kunde uliwatatiza watu wa kamera, waliohofia watazamaji watamdhania Mzungu. Wapo waliopendekeza ajifanye mtu wa Amerika ya Kusini, alikataa. Kampuni ya vipodozi ya Max Factor ikamtengenezea poda ya rangi ya kahawia na kuipa jina la Kimisri. Kwa masimulizi ya Lena, poda hiyo hiyo ilipakwa baadaye kwa waigizaji Wazungu waliocheza machotara, Ava Gardner akiwa mmoja wao.

Kisha sikiliza hili. Gardner, ambaye alikuwa rafiki wa kweli wa Lena, alijifunza kuimba nyimbo za Julie kwa kusikiliza sahani za Lena. Filamu ilipokamilika, studio iliitoa sauti ya Gardner na kuweka ya mwimbaji mwingine, Annette Warren. Kwa hiyo kwenye skrini kuna uso wa mmoja na sauti ya mwingine, na wote wawili wamesimama mahali palipotengenezwa kwa mtu wa tatu ambaye hakuitwa.

Wakati huo maisha yake ya nyumbani yalikuwa yameshakuwa Show Boat halisi. Alimpenda Lennie Hayton, Mzungu, mmoja wa waongozaji wa muziki wa MGM. Sheria ya California ilikataza ndoa yao, kwa hiyo Desemba 1947 walikwenda kuoana Paris, na wakaificha hadi 1950. Mahakama ya juu ya California ilifuta katazo hilo Oktoba 1948. Makatazo ya namna hiyo yalifutwa nchi nzima mwaka 1967. Kwamba mtu aliyeishi jambo hilo hasa hakufaa kuliigiza, waandishi wa hadithi wangeona ni chumvi imezidi.

Studio nayo ilikuwa imeanza kumnunia. Mwaka 1945 alikataa kuingia St. Louis Woman, onyesho la Broadway lililokuwa na mkono wa MGM, kwa sababu aliona linawadhalilisha Weusi. Wakati wa vita, akitumbuiza kambini, alikuta mateka wa Kijerumani wameketishwa mbele na askari Weusi wa Marekani nyuma yao. Alishuka jukwaani, akawapita Wajerumani, akawapa mgongo na kuwaimbia askari Weusi. Mambo kama hayo hayaandikwi kwenye mkataba, lakini wakubwa huyakumbuka.

Juni 1950 kilitoka kijitabu Red Channels, chenye majina 151 ya watu wa redio, televisheni na maonyesho waliotuhumiwa kuegemea ukomunisti. Lena alikuwemo. Hapo ndipo urafiki na Robeson ulipoleta bili yake. Mkataba wa MGM ulikuwa umefika mwisho, na milango ya filamu na televisheni ikasinyaa. Alilazimika kuandika barua ndefu ya kujitetea kwa kiongozi wa chama cha wafanyakazi wa studio, jambo ambalo kwa mwanamke mwenye kiburi chake lazima lilimchoma.

Wako wanaoeleza miaka iliyofuata kama kuporomoka. Mimi siioni hivyo. Klabu za usiku na hoteli hazikuwa na bodi ya Memphis. Mwimbaji yupo mbele yako, huwezi kumkata ukaunganisha ukumbi kwa gundi. Sahani iliyorekodiwa akiimba katika hoteli ya Waldorf-Astoria, New York, ikatoka mwaka 1957, iliuzwa sana, na mwaka huo huo alianza kucheza kama nyota mkuu wa onyesho la Jamaica pale Broadway. Wanaomkumbuka kwa filamu peke yake wamekumbuka kazi iliyomtumia kidogo zaidi.

Mwaka 1963 alikuwa pamoja na mwandishi James Baldwin katika kikao cha Mei na Robert Kennedy, mwanasheria mkuu wa Marekani, kuhusu ubaguzi, kilichoishia kwa hasira. Juni alipanda jukwaa moja na Medgar Evers, mwanaharakati wa haki za Weusi, huko Jackson, Mississippi, siku chache kabla Evers hajauawa, na Agosti alikuwa katika maandamano ya Washington. Kati ya 1970 na 1971 alizika baba, mtoto wake Teddy na mume wake Lennie, katika muda wa mwaka mmoja hivi.

Alirudi. Mei 1981 alifungua onyesho lake la peke yake Broadway, Lena Horne: The Lady and Her Music. Alilifanya mara 333 na kulifunga tarehe 30 Juni 1982, siku aliyotimiza miaka 65. Alifariki New York tarehe 9 Mei 2010 akiwa na miaka 92, na mwaka 2022 jumba moja la maonyesho la Broadway likapewa jina lake, la kwanza kuitwa kwa jina la mwanamke Mweusi.

Nimebakiza lile beseni. Mwaka 1994 MGM ilitoa filamu ya mkusanyiko wa vipande vya filamu zake za zamani za muziki, na Lena, akiwa na miaka zaidi ya 70, alikuwa mmoja wa wasimulizi. Wimbo wa povu uliokatwa mwaka 1943 ulionyeshwa humo. Katika mkusanyiko wa aina hiyo, hadithi za filamu zote zimetupwa: wachumba, mabosi na meza za klabu havimo, zimebaki nyimbo. Waliokuwa wahusika wakuu wanahitaji msimulizi aeleze walikuwa akina nani na walikuwa wanalilia nini. Kipande cha Lena hakihitaji maelezo. Kilitengenezwa tangu mwanzo kiweze kutoka peke yake.